Tachipadi Iliyonivua Nguo

Siku yangu ya kwanza katika karakana ya kompyuta pale Dunda, Mkuu wa Karakana alinikabidhi bisibisi akaniambia, "Fundi Shomari, hapa hatuanzi kwa kufungua. Tunaanza kwa kuuliza." Alimaanisha namba ya utambulisho, ambayo kila kifaa ndani ya kompyuta hujitajia: nani kakiunda, na ni cha aina gani. Ukishaijua ndipo unatafuta draiva, programu inayoiwezesha kompyuta kuelewana na kifaa hicho. Nilimheshimu sana kwa somo lile.

Miaka ikapita. Mwalimu mmoja wa Vigwaza akaleta laptopu mbili za shule, za aina moja, zilizonunuliwa pamoja. Tachipadi, kile kibao cha kusogezea mshale kwa kidole, zilikuwa hazifanyi kazi. Niliziwekea draiva ileile. Moja ikazinduka, ya pili ikagoma. Mkuu akazisoma namba. Zilitaja viwanda viwili tofauti.

"Shomari, kibao cha asili umekipeleka wapi?"

"Wallahi Mkuu, sijakigusa."

"Mwaga mkoba wako."

Nikaumwaga mezani, mbele ya mwalimu, mbele ya wateja, mbele ya shemeji yangu Bi Tatu aliyekuja kuchukua simu yake. Vikatoka kanzu yangu ya Ijumaa, dawa za presha na kipande cha muhogo wa kuchoma. 

Haikupita wiki, ikaja laptopu ya aina ileile kutoka Makurunge, mpya, haijawahi kufunguliwa. Mkuu akaisoma: kiwanda kile cha pili. Kumbe waundaji huchanganya vibao katika toleo moja. Akatafuta draiva yake, na laptopu ya mwalimu ikapona. Akaniita stoo.

"Nisamehe, ndugu yangu."

"Nimekusamehe, Mkuu. Ila ulinituhumu mbele za watu."

"Yamekwisha, Shomari. Tusiyachokonoe."

Hayakwisha. Msikitini nikahamia safu ya nyuma. Harusini kwa Bi Tatu nilikaa karibu na mlango. Vijana mnaojifunza ufundi, namba itawaambia nani kakiunda kifaa. Haitawaambia nani kakibadilisha.

Siku ya kuniaga nilipostaafu, Mkuu alisimama, machozi yakimlengalenga. Alinipenda, najua.

"Miaka yote hii," akasema, "Fundi Shomari hajawahi kutuibia kitu!"

Watu wakapiga makofi. Mke wangu akajifunika uso kwa mtandio. Mimi nikainuka, nikashukuru, macho yangu yakiwa kwenye viatu.