Ndiyo ya Jioni

Daktari wa wodi yetu tunamwita Mlingoti. Mrefu huyo, akianza kuinama akupime kifua, unasinzia na kuamka kabla sikio lake halijakufikia. Usicheke; nimelazwa hapa na nyonga iliyovunjika, sina kazi nyingine ila kumtazama. Hana mke. Chai anakunywa amesimama, na ukimuuliza ataoa lini, anasema wagonjwa wakiisha.

Kitanda cha pili yupo ajuza kunizidi mimi, ana kisukari. Mguu wake uliliwa na donda ndugu mpaka ukawa mweusi kama tako la sufuria. Akili zake zina zamu. Asubuhi ni mkali, anawataja wajukuu wote na tabia zao mbaya. Jua likishuka hajui hata alipo; kila mwanamume ni mwanawe, na kila aambiwalo hukubali.

Asubuhi moja Mlingoti alimweleza kwamba mguu usipokatwa, sumu itapanda imuue.

"Nimesikia, daktari," akasema. "Nizikeni na miguu yangu miwili. Na usiniulize tena, mimi si mtoto."

Mchana akaja mwanawe, fundi cherehani, analia. Akamng'ang'ania Mlingoti koti, kwamba hana mama mwingine duniani, mama asiachwe afe kwa ukaidi. Kisha akamnong'oneza: amuulize tena jioni.

Mlingoti akakizunguka kitanda kile kama kuku anayetafuta pa kutagia. Nikamwambia, mjukuu wangu, jibu si umeshapewa?

"Nimepewa, bibi," akasema. "Nikilifuata, nitamfunika shuka kwa mikono yangu."

Jioni akamuuliza. Ajuza akatabasamu. "Ndiyo, mwanangu. Utakavyo wewe."

Wakamsukuma chumba cha upasuaji hapohapo, akili zisije zikamrudia njiani.

Alipona. Kidonda kimefunga vizuri, na madaktari wenzake wamempongeza Mlingoti. Lakini kila kukicha ajuza alifunua shuka, akatazama, akamuuliza kama vile ndiyo kwanza anaona: "Nilikuambia nini?" Mlingoti akakosa pa kuweka urefu wake. Jioni ajuza yuleyule humshika mkono na kumwombea dua.

Basi kijana amebadilishana zamu na mwenzake. Siku hizi wodi yetu anaipitia jioni tu. Anakuja, anaombewa dua, anasogea kwangu. Mimi najifanya nimelala.