Panda Tu, au Banda Tu

Neno lililomsumbua Opondo lilikuwa fupi, na aliyelisema alikuwa amekwisha kuzikwa.

Opondo alikuwa fundi wa mitambo katika kiwanda cha majani chai karibu na Roret. Alitoka kwao ziwani akiwa kijana, akapata mvi huku milimani. Mwaka wa 1991 jirani yake, mzee Kimeli, alimwonyesha kipande cha shamba kilichoteremka hadi mtoni, akanyosha fimbo na kusema, "Hapa, panda tu." Opondo akampelekea mtamba wake wa pekee, wakanywa mursik, maziwa ya mgando, kutoka kibuyu kimoja, naye akapanda chai. Hawakuandika kitu. Nani humwandikisha rafiki yake?

Miaka minne baadaye, chai ikiwa imeshonana vizuri, Kimeli akafa. Matanga yalipokwisha, mjane wake, Chepkurui, alimwita Opondo kando. Kwa masikio yake, alisema, alimsikia marehemu akitamka "banda tu": jirani ajenge banda la kuwekea vitu vyake. Kinywani mwa Kimeli p na b zilikuwa mapacha, hata mama yao asingezitofautisha. Chepkurui akaongeza kwamba alipoona chai inapandwa alimwuliza mumewe, naye alicheka tu.

"Na ule mtamba, mama Chelimo?" Opondo alimwuliza.

"Si ulikuwa wa kimanagan, baba Dorine?"

Hapo ndipo Opondo alipopotea kabisa. Kimanagan ni desturi ya kumwekea rafiki ng'ombe amtunze na kunywa maziwa yake, lakini ng'ombe abaki wa mwenyewe. Kumbe alichotoa kama bei, wenzake walikipokea kama amana. Nyumbani, mkewe Dorcus alimwambia kwamba amesikiliza mashine miaka mingi hadi amesahau kusikiliza watu.

Opondo alikwenda kwa wakili mjini Kericho. Wakili akamweleza kwamba hata patano la mdomo laweza kushika, ikiwa mnunuzi ameingia shambani na kulifanyia kazi kwa idhini ya mwuzaji. Opondo akatabasamu. Kisha wakili akasema kwamba shamba la kilimo haliuzwi bila kibali cha bodi ya ardhi, nacho huombwa ndani ya miezi sita. Kisipopatikana, patano ni bure, na mnunuzi hudai tu alichotoa. Labda mjane, korti ikishampa mamlaka juu ya mali ya marehemu, akubali kuuza upya mbele ya bodi.

"Kwa hivyo nilinunua, halafu nikawa sijanunua?"

"Ulinunua, mzee. Ila sheria haikukuona."

Opondo alimpelekea Chepkurui maneno hayo kama alivyoyapokea, bila kuyaelewa. Chepkurui hakutaka laana ya kukaa na mali ya mtu. Asubuhi iliyofuata alikuja akimvuta yule ng'ombe kwa kamba, ndama nyuma yake, akasimama ukingoni mwa chai na kumnyoshea Opondo kamba.

Opondo aliitazama. Akiishika, amerudishiwa chake, na chai imekwenda. Asipoishika, hajui ana nini. Akaficha mikono mgongoni.

"Mama Chelimo, nikishika hii, nitakuwa nimeuza au nimenunua?"

Ng'ombe akakojoa.

"Mimi pia sijui," alisema Chepkurui. "Lakini shika kwanza, mkono umechoka."

Mikono ya Opondo ilibaki mgongoni.