Nusu ya Spiriti

Mtaani kwetu kazi ya kiwanda tuliisikia madirishani. Injini ya roketi ilipowashwa kule bondeni, nyuma ya msitu wa misonobari, vioo vilitetema, vikombe vikagongana kabatini, na wanawake wakaambizana, "Inaimba." Roketi haikutajwa. Mgeni akiuliza, sisi tulitengeneza majokofu.

Taisiya Lukinichna alikuwa muosha mabomba. Alikuwa mjane wa miaka arobaini na kitu, mcheshi, mwenye mikono iliyochubuka kwa spiriti. Injini zetu zilichoma mafuta ya taa pamoja na oksijeni iliyopozwa mpaka ikawa maji, na oksijeni ya namna hiyo haina urafiki na grisi. Doa dogo likibaki ndani ya bomba, inaliwasha kama kiberiti. Kwa hiyo kila bomba lilioshwa kwa spiriti safi, kisha likasuuzwa kwa spiriti nyingine mpya. Msimamizi wa karakana, Porfiri Demyanovich, alipitisha kitambaa cheupe ndani ya kila bomba kabla ya kulipokea. Ni mabomba ya Taisiya tu ambayo hakuyapitishia kitambaa.

"Wewe nikukague nini?" alikuwa akimwambia. "Ukiosha wewe, hata mkwe wangu angekula humo."

Vuli ile mvua zilianza mapema, na paa la mama yake Taisiya kule kijijini likawa linavuja juu ya kitanda. Fundi wa kijiji alikuwa Yevsei, mtu mwenye mkono mwepesi na koo kavu.

"Rubli zako kanunulie soksi," alimwambia Taisiya. "Mimi niletee kile cha kiwandani, kile kinachokwangua koo. Bila hicho ngazi siipandi."

Pale kiwandani karibu kila mtu alichota spiriti kidogo, kwa hiyo hakuna aliyejiita mwizi. Lakini Yevsei hakutaka kidogo. Taisiya akaosha mabomba kama kawaida, na alipofika kwenye kusuuza, akasuuza kwa spiriti ileile iliyokwisha kutumika. Ile mpya aliitoa getini ndani ya mfuko wa mpira wa maji ya moto, ameufunga tumboni chini ya koti. Mlinzi alimtania kwamba amenenepa. Taisiya akacheka naye.

Paa likazibwa. Mama akalala pakavu.

Siku injini ilipojaribiwa, Taisiya alikuwa sokoni akichagua kabichi. Vioo vya duka vikaanza kutetema, muuzaji akasema, "Inaimba." Mara sauti ikakatika, kikafuata kishindo, na moshi mweusi ukapanda juu ya misonobari. Taisiya akaiweka kabichi chini. Kabla hajaambiwa lolote na mtu, alikwisha kujua.

Injini iliteketea pamoja na nusu ya jukwaa la majaribio. Hakufa mtu. Ila Gennadi, kijana wa vipimo aliyeoa kiangazi kile, alipigwa na kioo cha dirisha la kuchungulia, jicho lake la kushoto likapotea.

Wachunguzi walikuja kutoka Moscow. Moto, walisema, ulianzia ndani ya bomba la oksijeni, penye grisi. Wakamwita Porfiri.

"Ulilikagua?"

"Sikulikagua."

"Kwa nini?"

"Kosa ni langu," alijibu, na hawakumtoa neno jingine. Jina la Taisiya hakulitaja. Wakamvua usimamizi, wakampeleka ghalani kupima misumari.

Taisiya hakulala vizuri tena. Chakula kikamshinda, supu ya kabichi aliyoipenda ilimnukia spiriti. Alipokwenda kumtazama mama yake, mama alinyoosha kidole juu akisema, "Mungu akubariki, mwanangu, halidondoki hata tone," naye akatoka uani kutapika.

Theluji ya kwanza ilipoanguka alikwenda ghalani. Porfiri alikuwa amevaa koti la pamba, anamimina misumari kwenye mizani.

"Porfiri Demyanovich, spiriti ya kusuuza niliichukua mimi."

Porfiri aliendelea kumimina.

"Ulimpa nani?"

"Fundi. Paa la mama lilikuwa linavuja."

"Na sasa linavuja?"

"Halivuji."

"Basi tumshukuru Mungu, kuna kitu kimepona." Akaweka koleo chini. "Unaniambia mimi ili nifanye nini, Taisiya? Nikupe pole? Mimi hapa ni rahisi kuniambia, nimekwisha tupwa. Kuna mlango mwingine, unaujua. Toka, mama, unaniingizia baridi."

Taisiya akaenda kwenye mlango ule mwingine. Mkurugenzi alimsikiliza akiwa amesimama, kisha akafunga dirisha, maana kwetu neno "hujuma" lilikuwa halijasahaulika, na kwa neno hilo watu walikuwa wakipotea. Hakulitumia. Picha ya Taisiya iliondolewa kwenye ubao wa wafanyakazi bora, akahamishiwa dobini kufua makoti meupe ya karakana. Porfiri alirudishwa kazini, lakini chini ya msimamizi mpya aliyekuwa kijana kuliko mwanawe. Alimsalimu Taisiya kwa kichwa tu. Siku za nyuma alikuwa akimwita binti.

Kwa Gennadi alichelewa zaidi. Mara tatu alifika ngazini kwao, akarudi. Wakakutana kwenye foleni ya mkate, mbele ya watu, Taisiya akamwambia palepale, kwa sauti iliyokatikakatika.

Gennadi akageuza kichwa kizima kumtafuta.

"Njoo huku kulia, mama. Huko uliko sikuoni."

Taisiya akahama upande.

"Nilishaambiwa kiwandani," Gennadi akasema. "Mke wangu anasema akikuona atakumwagia maji ya moto. Mimi sijui nikuambie nini. Sijui kweli. Foleni inasogea, songa."

Wakasogea pamoja, wakanunua mkate, kila mtu akaenda kwake.

Miaka ikapita, injini zetu zikaruka. Siku redio ilipotangaza kwamba chombo kimefika kwenye obiti, kinaizunguka dunia, tulimiminika barabarani bila kofia, tukakumbatiana na tusiowajua. Nilipita dobini kumwita. Alikuwa amesimama mbele ya pipa la mvuke, anasugua kola.

"Taisiya Lukinichna, twende bwana! Imefika!"

"Nimesikia," akasema. "Nendeni tu. Na mkimwona Gennadi, mpisheni mbele, aone sherehe."