Vyungu vya Dada Tusekile

Enzi zetu pale Matema, mtoto akirudi shule hakuulizwa kama ana kazi ya nyumbani. Aliulizwa kama kuni zimefika. Lakini kabla ya kuni tulijitupa ziwani na sare zetu, tukacheza rede mchangani mpaka magoti yakawa meupe, kisha tukakimbilia wali wa Kyela na usipa wa kukaanga, vile visamaki vidogo vya ziwani. Watoto wa siku hizi wakipakuliwa wali huo wanauliza kama kuna chipsi.

Kwetu tulikuwa wafinyanzi. Mama alifinyanga, na dada yangu mkubwa, Tusekile, alikuwa ameanza kufinyanga naye. Vyungu vikikauka vilipangwa ufukweni, vikafunikwa kuni na nyasi, vikachomwa. Chungu kikipasuka motoni kililia "paa!", na kila kilipolia Mama alisema, "Hicho cha Tusekile." Mara nyingi kweli kilikuwa chake.

Majirani wakaanza kusema dada ana mkono mbaya. Mama hakuwa mkali, ila alichoka kufika gulio la Lyulilo na vyungu nusu. Siku moja tukichambua usipa akasema, "Tusekile, mwezi ujao utakwenda Kyela kwa shangazi yako ukalime mpunga. Udongo haukutaki."

Dada aliendelea kuchambua kisamaki kilekile mpaka kikaishia vidoleni.

Mimi nilikuwa kidato cha nne, na wiki hiyo mwalimu wa hesabu alikuwa anatufundisha uwezekano wa matukio mawili. "Msiulize tu jambo hutokea mara ngapi," alisema. "Ulizeni hutokea mara ngapi ikiwa lile jingine limeshatokea." Darasa zima tuliandika bila kuelewa. Usiku nikamsikia dada akilia chini ya shuka. Hapo nikaelewa.

Nikaanza kuandika nyuma ya daftari: chungu cha nani, kimekaa wapi motoni, kimepona au kimepasuka. Tulipochoma mara tatu, vya dada vilikuwa ishirini na vinne, vimepasuka tisa. Vya Mama ishirini, vimepasuka vinne tu. Ukiishia hapo, dada ana hatia.

Lakini Mama alipanga vyake vingi katikati ya moto, na vya dada vingi pembeni, upande wa ziwani unakopiga upepo. Nikavigawa upya. Vya dada vya pembeni vilikuwa kumi na sita, vimepasuka vinane: nusu. Vya Mama vya pembeni vilikuwa vinne, vimepasuka viwili: nusu ileile! Katikati, vya dada vinane, kimepasuka kimoja. Vya Mama kumi na sita, vimepasuka viwili. Kimoja katika kila vinane, kwa wote wawili.

Nikamsomea Mama.

"Kwa hiyo mimi ndiye ninayevunja vyungu vya mwanangu?"

"Hapana, Mama, ni upepo unaovipoza ghafla. Ukishajua chungu kimekaa pembeni, hata usiulize kimefinyangwa na nani."

Siku ya kuchoma ilipofika, Mama akapanga vya dada vyote katikati, na vyake sita pembeni. Tukakaa tukisikiliza. Paa! Paa! Baadaye kidogo, paa! Majivu yalipopoa, vyote vitatu vilikuwa vya Mama. Vya dada vilitoka vizima, vyekundu, vinang'aa. Mama akaokota kigae chake, akacheka mpaka akaketi mchangani.

"Ndaga fijo, mwanangu," alinishukuru. Kisha akamgeukia dada: "Shangazi yako atatafuta mkulima mwingine."

Wiki hiyohiyo tulijenga ukuta wa mawe wa kukinga upepo, dada akiimba.

Leo mimi ni mwalimu wa hesabu mjini Kyela. Wanafunzi wangu wanapata jibu kwenye simu kabla sijamaliza kuandika swali, tena na desimali nne. Nikiwauliza jibu hilo linasema nini, wananitazama kama nimewaomba vocha. Siwalaumu. Kwao maji yamo kwenye ndoo za plastiki, na ndoo haipasuki motoni ikampa mtu wasiwasi.

Dada Tusekile bado anafinyanga, ingawa wanunuzi wamepungua. Likizo nikiwapeleka wanangu kwake, anatuchotea maji ya mtungini, baridi yake friji haiijui. Wanangu wanaonja, wanakunja nyuso: "Mama, yana ladha ya udongo."

Nawaambia ndiyo, yana ladha ya udongo. Halafu nachukua vikombe vyao, nayanywa yote.