Ndoo ya Bi Muriel

"Bi Muriel, kanisa letu lilimalizika kujengwa mwaka gani?"

Nilimuuliza hivyo nikiwa darasa la tatu, siku mwalimu alipotuleta kuchora mlango wa kusini, ule wenye tao la meno-meno. Bi Muriel Garrod alikuwa juu ya ngazi akifuta kinyesi cha popo. Akashusha pumzi, akasema ngoja kwanza nishuke. Aliposhuka tulikuwa tumeshaitwa kurudi shule.

Nimekuja kuona kwamba swali lenyewe ni gumu. Mlango ule ni wa Wanormani, walioiteka Uingereza karibu miaka elfu iliyopita, lakini mnara wa mviringo wa mawe ya gumegume, wazee husema, uliwatangulia hata hao. Ubavu wa kaskazini waliuongeza matajiri wa sufu, wakaweka na malaika wa mbao darini. Vita vya dini vikaja, malaika wakakatwa nyuso. Kisha babu za babu zetu wakabomoa upande wa madhabahu wakaujenga upya, nao umepinda kidogo, kama mtu aliyelala vibaya. Juzijuzi wezi wamebandua mabati ya madini ya risasi kwenye paa, tumewekewa turubai.

Mzigo wote huo ulikuwa wa Bi Muriel. Alikuwa msimamizi wa kanisa tangu mama yangu hajaolewa: kufungua, kufagia, kupanda mnarani kuitia saa ufunguo. Popo wanalindwa na sheria. Yeye, alikuwa akisema, sheria haimjui.

Kila masika kuna mkutano wa kuchagua msimamizi, na kila masika kijiji chetu kizima cha Aldersby hutazama viatu vyake mpaka Bi Muriel akubali tena. Mwaka huu alikataa. Kasisi, mwenye vijiji saba vya kuhudumia, akaeleza kwa upole kwamba kanisa lisilo na msimamizi huenda likafungwa. Watu wakazidi kutazama viatu.

"Ukiacha wewe, Muriel," akasema Bwana Dack, mfuga ng'ombe jirani yake, "itabidi malaika wale washuke washike ufagio."

"Na washuke, Percy. Wao wana mbawa. Mimi nina magoti, tena mabovu."

Tulicheka kidogo, tukaenda nyumbani bila msimamizi.

Jumapili iliyofuata mvua ikanyesha. Katikati ya mahubiri turubai likashindwa, maji yakaanza kudondoka kwenye njia ya kati. Wote tukageuka kumtazama Bi Muriel. Alikuwa ameketi, koti limefungwa vifungo vyote, mikono mapajani. Nilimwona anavyojizuia. Kasisi akahubiri, maji yakadondoka. Mwishowe Bwana Dack akakohoa, akainuka, akazungukazunguka kama kuku anayetafuta pa kutagia.

"Ndoo iko wapi?" akamnong'oneza.

"Nyuma ya birika la ubatizo. Tia kitambaa ndani, la sivyo itapiga kelele."

Akaenda kuichukua. Kila mtu alijua, naye alijua, kwamba kwetu aliyeishika ndoo ile mara moja haachiwi kuitua.

Baada ya ibada nilikaa kando ya Bi Muriel, nikamuuliza kama amefurahi. Akasema hana nguvu za kufurahi. Alikuwa akimtazama Bwana Dack anavyopiga deki kinyume, akiyasukuma maji kuelekea madhabahuni, wala hakumrekebisha.

"Siku ile uliniuliza lilimalizika lini," akasema. "Halijamalizika, mwanangu. Kila mmoja alijenga mpaka akachoka, akamwachia mwenzake."