Kifua Kilichoita Upepo

Harufu ya makapi ya mahindi makavu huingia puani kabla hujaliona vumbi lenyewe. Inakereketa, ina utamu kidogo wa magunzi yaliyokaa juani, na kwetu Handeni ilitanda kijiji kizima tangu mavuno yalipotoka shambani hadi kila nyumba ilipofunga gunia lake la mwisho. Wengine wakiisikia hukumbuka shibe. Mimi moyo hunienda mbio, kwa sababu ya mdogo wangu Zaina, na kwa sababu ya wale watu ambao bibi yetu, mzaa mama, alituambia wanaishi juu ya mawingu.

Bibi aliwaita Watu wa Juu. Huko kwao, alisema, hawalimi wala hawachoti maji. Wanafuga upepo kama Wamaasai wanavyofuga ng'ombe. Kila upepo una jina lake na zizi lake, na mchungaji wake akiamua kuufungia, huku chini hata jani la mpapai halitikisiki. Si watu wabaya, ila ni wazito wa kusikia. Ndiyo maana wanawake wa kijijini, wakishayapiga mahindi kwa fimbo na kutaka kuyapepeta, walisimama na ungo mkononi wakapiga mluzi mrefu na laini mpaka zizi lifunguliwe. Mwalimu wetu wa madrasa alituonya kwamba upepo ni wa Mungu. Bibi hakubishana naye. "Ni wake, nani kasema si wake?" alisema. "Lakini na wachungaji anao." Mimi niliamini kila neno. Mchana nililala chali uani, nikikodolea macho kingo za mawingu, nikisubiri kuona mguu wa mmoja wao.

Zaina alikuwa na pumu. Neno hilo hatukulijua; tulijua tu kwamba vumbi likianza, kifua chake hupiga mluzi. Mwaka ninaousimulia, hewa ilikwama. Mahindi ya nyumba nyingi yalikwisha kupigwa, yakalala uwanjani pamoja na makapi yake, na dumuzi wakaanza kutoboa punje. Wanawake walipiga mluzi hadi midomo ikawakauka, wapi! Siku moja Zaina alikuwa ameketi pembeni ya uwanja wa jirani yetu, Mama Shabani, akihema kwa shida, kifua kikilia, mara upepo ukaja kwa nguvu na kuyachukua makapi yote. Wanawake wakageuka wakamtazama. Bibi ndiye aliyesema kwanza, kwa furaha ambayo mpaka leo inanitia uchungu: "Wamemsikia mjukuu wangu!"

Tangu hapo Zaina hakuwa tena mtoto wa kawaida. Majirani walibisha hodi asubuhi, wakampa Bibi shikamoo zao, wakamwomba mtoto. Walimtandikia mkeka karibu kabisa na wanaopiga mahindi, kwa maana walikwisha kujua kwamba vumbi ndilo linalokiamsha kifua. Sitaki kuwasingizia ukatili. Walimpikia uji wa sukari, walimfunika kanga mabegani, walimwita mama mdogo. Kisha walinyamaza, nyungo magotini, wakisubiri kifua kianze. Mara nyingine upepo ulikuja, mara nyingine haukuja. Ule uliokuja ndio uliosimuliwa visimani. Na Zaina alipenda. Yeye ambaye hakuweza kukimbia na wenzake, ambaye kwenye michezo alikuwa wa kushika viatu vya wengine, sasa alikuwa anangojwa na watu wazima. Jioni nilimbeba mgongoni kumrudisha nyumbani, nikihisi mbavu zake zikipanda na kushuka, na niliogopa kuliko nilivyowahi kuogopa kitu chochote. Mama aliogopa pia, lakini kumkatalia mama yake mzazi mbele za watu kulimshinda.

Baba alikuwa kibarua Korogwe, analala kwa dada yake, mtaa wa Manundu, na alikuja nyumbani mara chache. Safari hiyo alimkuta Zaina midomo imegeuka rangi ya zambarau. Alimnyanyua bila hata kuweka mfuko wake chini. Bibi akasimama mlangoni. "Mkishamtibu kifua, nani atatuitia upepo?" aliuliza. "Mahindi ya watu bado yako chini." Baba hakuwahi kumpandishia mkwewe sauti, na hata siku hiyo hakumpandishia. Aliinamisha kichwa. "Shikamoo, mama," alisema. "Naomba unipishe." Bibi akampisha.

Hospitali walimwokoa, wakampa kichupa cha dawa ya kuvuta. Tulishangilia mapema mno. Zaina hakutaka hata kukiona. Mama alikikuta kimefukiwa kwenye majivu ya jikoni. "Nikivuta, Watu wa Juu hawatanisikia tena," alisema huku akihema, na hakuwa anadeka, alikuwa anatetea kazi yake. Ndipo Baba alipoamua kumhamishia kwa shangazi, Manundu, mbali na vumbi letu. Siku ya kuondoka Zaina alilia hadi kituo cha basi, na Mama Shabani alilia naye. Upepo ulivuma kutwa nzima bila kuitwa na mtu, na hakuna aliyeutaja.

Siku hizi mashine ya kupukuchua inapita nyumba kwa nyumba na kuyapuliza makapi yenyewe, na watoto wa pale kijijini hawajui mluzi ule. Bibi alikwishafariki. Hasira zangu zimebaki, kwa wanawake wale na kwa Watu wa Juu pia, ijapokuwa najua fika kwamba hawapo. Zaina ana duka la vitenge Manundu, ana mume na watoto, na dawa yake haitoki kwenye mkoba. Nilipomtembelea mara ya mwisho nilimuuliza kama amewasamehe. Alicheka.

"Dada, walinikalisha kwenye vumbi, ndiyo," alisema. "Lakini nimeolewa, nimezaa, nimefungua duka, na sijaona tena watu wamenyamaza wote wananingoja mimi."

Nilitaka kumwambia kwamba walikaribia kumuua. Analijua hilo kuliko mimi. Alikuwa analia, kwa pumzi ndefu, nzima, nami nikamshika mkono.