Maiti Aliyesimama Ukumbini

Ukumbi wa kanisa pale Moseley, Uingereza, ulinuka makoti ya sufu yaliyolowa mvua, pamoja na mafuta ya taa ya hita iliyowekwa mlangoni. Mwanzoni mwa miaka ya sabini, Jumamosi mchana, mwalimu mmoja mstaafu alionyesha humo sinema za zamani za Kijerumani zisizo na sauti. Nilikuwa bado msichana wa shule ya msingi. Shangazi Rukia, dada wa baba yangu, aliyetoka Unguja kuja kuishi nasi, hakupenda sinema hata kidogo, lakini juma lile alishikilia twende. Sikujua kwamba amesikia mumewe Hamisi hazikosi sinema hizo. Hamisi alitangulia Uingereza akiahidi kumwita, kisha akanyamaza kimya. Huku nyuma akamwoa Zuhura, muuguzi wa Mombasa, baada ya kumwambia kwamba mkewe wa Unguja amefariki.

Wawili hao walikaa mbele yetu. Filamu ilikuwa ya mapenzi na fumbo: tajiri mmoja anamchumbia binti wa daktari, na mwanamke aliyejifunika shela anaonekana bustanini, hajulikani ni nani. Maneno yalitokea kwa Kiingereza, nami nikimtafsiria Shangazi kwa kunong'ona.

"Soma kwa sauti, mwanangu," akaniambia.

Nikasoma kwa Kiswahili maneno ya yule tajiri: "Mke wangu wa kwanza alikufa."

Hamisi akageuka. Shangazi akasimama, mwanga wa mashine ya sinema ukampiga, kivuli chake kikajaa skrini nzima na kumfunika yule tajiri.

"Hamisi, mimi ndiye yule maiti," alisema taratibu, kama anayetoa salamu. "Umenizika bila hata sanda. Haya, mwambie mwenzangu nilikufa kwa maradhi gani."

Waingereza walitunyamazisha. Zuhura alimtazama Shangazi, kisha mumewe. "Nijibu, Hamisi. Ni nani huyu?" Hamisi aliinamia viatu vyake. Zuhura akavua pete, akaiacha juu ya kiti, akatoka nje mvuani.

"Endelea kusoma," Shangazi akaniambia, akaketi. Mwishoni mwanamke wa shela, kumbe ndiye yule mke wa kwanza, alimsamehe tajiri wake. Shangazi akasonya.

Zuhura hakurudi kwa Hamisi. Aliishia kuishi peke yake mtaa wa Kingstanding, na alipougua alituma watu waje kumwombea radhi. Shangazi aliwanywesha chai, akawarudisha bila jibu.

Leo ukumbi ule ni mkahawa, na wanangu, wanaonijibu kwa Kiingereza, huniambia kusamehe ni dawa ya moyo. Labda. Lakini Shangazi alizeeka akila vizuri na kulala vizuri, na mimi, kila nipitapo kaburi la Hamisi, simsomei Fatiha.